Kwa nini steringi wa Orochi anafungwa kamba

Swali: Shikamoo mwalimu. Juzi nilikuta mtandaoni sinema ya Kijapani ya mwaka 1925 inaitwa Orochi. Haina sauti, ni muziki tu na maandishi. Nilivumilia hadi mwisho kwa ajili ya lile pigano la samurai mmoja na umati usiohesabika, nikijua steringi atashinda tu. Badala yake wakamfunga kamba wakamswaga kama mwizi wa kuku. Wajapani wa zamani ndivyo walivyopenda sinema zao? Na waliwezaje kukaa kutazama kitu kimya namna ile?

Jibu: Marahaba. Mshangao ulioupata ndio uliokusudiwa. Mtu aliyeingia ukumbini mjini Kyoto au Osaka mwishoni mwa 1925 naye alikuwa amezoea steringi asiyeguswa, tena kwa zaidi ya miaka 15 alikuwa akimwona steringi huyo kwa sura ileile moja. Kwa hiyo inanibidi nianze na huyo wa zamani, maana Orochi ilitengenezwa kumpindua.

Jina lake Onoe Matsunosuke. Alizaliwa 1875, mwaka mmoja kabla ya serikali ya Meiji kuwakataza samurai kutembea na panga kiunoni. Hebu fikiria: alipokuwa anaigiza samurai, wazee waliowahi kuwa samurai kweli walikuwa bado wako mitaani. Alikuwa mwigizaji wa kabuki, maigizo ya jadi ya jukwaani ya Kijapani, katika kundi la kuzunguka mikoani, wasanii ambao kumbi kubwa za Tokyo zisingewageukia hata mara moja. Makino Shozo, aliyekuwa anaendesha ukumbi wa maigizo mjini Kyoto na ambaye leo Wajapani humwita baba wa sinema yao, akamwona huko mikoani akamchukua. Mwaka 1909 wakapiga pamoja sinema ya kwanza ya Matsunosuke, Goban Tadanobu. Alipofariki 1926 alikuwa ameonekana katika sinema zinazokadiriwa kufika 1,000. Hesabu hiyo inatisha, lakini nyingi zilikuwa fupi na zilipigwa kwa siku chache, hadithi baada ya hadithi, kama mandazi yanavyotoka kwenye mafuta.

Watu walimpachika jina la utani, Medama no Matchan, yaani Matchan wa Macho, kwa jinsi alivyoyatumbua kabla ya kupiga. Kamera ilisimikwa mahali pamoja ikamwonyesha kuanzia utosini hadi nyayoni, kama vile mtazamaji ameketi safu ya tatu ukumbini. Makino alisimama pembeni akiwasomea waigizaji maneno yao kwa sauti, nao wakiyafuata papo hapo. Wanawake waliigizwa na wanaume waliojifunza kazi hiyo tangu utotoni, kama ilivyo desturi ya kabuki, na jambo hilo liliendelea kwenye sinema hadi mwanzoni mwa miaka ya 1920. Upanga ulichezwa kwa mkao. Shujaa hupiga, husimama kama sanamu ili watu washangilie, adui hupinduka sarakasi, kisha mambo yanaendelea. Makino aligundua pia kwamba ukisimamisha kamera, ukamwondoa mtu, kisha ukaendelea kupiga, mtu huyo anapotea kama jini. Katika Jiraiya ya 1921, ambayo imesalia, Matsunosuke anageuka chura mkubwa. Watoto walipagawa. Wakosoaji vijana, waliokuwa wakitazama sinema za Kimarekani za Douglas Fairbanks na za wachunga ng'ombe za William S. Hart, waliona aibu.

Mimi simdharau Matsunosuke. Lakini kitu kimoja hakikuwahi kumpata: jasho. Hakuchoka, hakukosea mtu, wala hakuonewa mpaka mwisho. Alikuwa upande wa haki, na haki ilikuwa upande wake.

Sasa kuhusu ukimya. Hawakukaa kimya hata dakika moja, na hapa wewe mtoto wa kibanda umiza utanielewa haraka kuliko msomaji wa Ulaya. Kando ya skrini alisimama msimulizi aitwaye benshi. Alieleza hadithi, akasema maneno ya wahusika wote, akalia na anayelia, akatukana na anayetukana. Ukiwakumbuka Lufufu wa Dar es Salaam au DJ Afro wa Nairobi walivyoishika filamu ya kigeni na kuifanya yao, basi umeshafika karibu. Tofauti ni kwamba benshi alikuwepo ukumbini mwenyewe, na kila onyesho lilikuwa jipya. Kwenye sinema za Matsunosuke walikaa hata benshi kadhaa, kila mmoja na sauti ya mhusika wake, huku shamisen, ala ya Kijapani ya nyuzi tatu, ikipigwa. Baadaye kumbi kubwa zikachanganya shamisen na fidla za Kizungu. Kulikuwa na maelfu yao nchi nzima, na mtu angeweza kuchagua ukumbi kwa kufuata benshi badala ya mwigizaji. Mwaka 1917 Tokyo iliweka kanuni kwamba benshi lazima awe na leseni, na serikali haihangaiki kumpa leseni mtu ambaye maneno yake hayana nguvu. Kwa hiyo ulichokitazama wewe ni nusu ya kitu. Ni kama taarab iliyoondolewa mwimbaji ikabaki na fidla na qanuni.

Turudi kwa huyo aliyefungwa kamba.

Tarehe 1 Septemba 1923, dakika mbili kabla ya saa sita mchana, tetemeko kubwa lilipiga Tokyo na Yokohama. Zaidi ya watu 100,000 walikufa, wengi kwa moto uliofuata. Studio za Tokyo zikaharibika au zikafungwa kwa muda, na watu wa sinema wakahamia magharibi, Kyoto. Mji huo haukuguswa na tetemeko, nao ulikuwa na mahekalu, kuta za ngome, vichochoro vya nyumba za mbao na kingo za mito ambazo hazikuhitaji seremala ili zionekane za miaka 200 nyuma. Makino alikuwa tayari huko, ameshaachana na kampuni ya Nikkatsu na ana studio yake, na vijana wakamzunguka. Ni wakati huohuo ambapo jina lenyewe lilibadilika. Sinema za mapanga zilikuwa zikiitwa kyugeki, mchezo wa kizamani. Sasa zikaanza kuitwa jidaigeki, mchezo wa enzi. Jina la mtaani, chanbara, lilitokana na mlio wa mapanga, chan-chan bara-bara.

Pigano nalo lilikuwa limeshabadilika jukwaani. Sawada Shojiro aliunda kundi la Shinkokugeki mwaka 1917, na waigizaji wake walipigana kwa kasi, wakikimbia na kuhema, bila mkao wa sanamu. Magazetini kulikuwa na riwaya ya Nakazato Kaizan, Daibosatsu Toge, iliyoanza kuchapishwa kwa mfululizo 1913. Mpiga upanga wake anaua mzee msafiri mlimani bila sababu yoyote, na wasomaji hawakumwacha. Mtu mwenye upanga aliyepotea njia alikuwa ameshaingia vichwani mwa watu. Kilichobaki ni kupata sura yake kwenye skrini.

Sura hiyo ilikuwa ya Bando Tsumasaburo, aliyezaliwa 1901. Alijaribu kabuki akagonga ukuta, kwa sababu kwenye kabuki asiye na ukoo hafiki mbali. Alikwenda kwa Makino akaanza na vijinafasi vidogo. Huko alikutana na mwandishi wa hadithi za sinema aitwaye Susukita Rokuhei, ambaye naona ndiye chanzo hasa cha swali lako. Susukita alimwandikia mtu mwenye moyo mzuri na bahati mbaya, ambaye kila akijitetea anaonekana mbaya zaidi. Mwaka 1925 Tsumasaburo akaanzisha kampuni yake mwenyewe, jambo ambalo mwigizaji wa wakati huo hakulifanya kirahisi, na Orochi ikatoka humo, ikiongozwa na Futagawa Buntaro. Steringi alikuwa na miaka 23.

Nikukumbushe hadithi, maana mara ya kwanza mimi mwenyewe nilisinzia katikati. Heizaburo ni samurai wa daraja la chini, mwanafunzi wa mwalimu wa maadili ya Konfusio. Kwenye karamu ya mwalimu wake kijana wa familia kubwa anamdhalilisha, ugomvi unazuka, na lawama yote inamwangukia yeye kwa sababu mwenzake ana baba mwenye cheo. Tena kuna binti wa mwalimu, Namie, anayempenda. Kila anachofanya kwa ajili ya heshima ya binti huyo kinatafsiriwa kuwa uovu. Anafukuzwa, anakuwa ronin, yaani samurai asiye na bwana wala mshahara, anafungwa, anatoka, anafungwa tena. Mwishowe anakuwa mlinzi wa bosi mmoja ambaye mji mzima unamsifu kwa ukarimu. Usiku bosi huyo anateka wanawake. Siku moja anayeletwa ni Namie, sasa ameolewa, na mumewe ni mgonjwa. Heizaburo anamuua bosi, anawaokoa wawili hao, na hapo ndipo askari wanapofika.

Kwa hiyo nikusahihishe kidogo: hakushindwa. Alilolitaka amelipata. Ila waliolijua ni watu wawili tu, nao wanabaki wakimlilia huku umati ukimtazama mwuaji akipita. Maandishi yale ya mwanzo wa sinema, ambayo pengine uliyaruka, yanasema si kila aitwaye mhuni ni mwovu, wala si kila aitwaye mtu wa heshima anastahili jina hilo. Sinema nzima ni mfano wa sentensi hiyo.

Kwa nini basi asikate kamba akatoroka? Jibu la haraka ambalo utalikuta kila mahali ni udhibiti wa serikali. Lina ukweli. Mwaka huohuo wa 1925 Wizara ya Mambo ya Ndani ilichukua ukaguzi wa sinema za nchi nzima. Jina la kwanza la sinema hii lilikuwa Buraikan, mhuni asiyejali sheria. Wakaguzi hawakulitaka, sehemu nyingine zikakatwa, na ndipo ikaitwa Orochi, yaani joka kubwa. Mtu anayewakata askari wa dola kwa dazeni asingeruhusiwa kuondoka zake akipiga mluzi.

Lakini mimi naona sababu hiyo imezidishiwa uzito. Wajapani walikuwa na jina la mapenzi yao kwa anayeonewa karne nyingi kabla ya kamera: hogan biiki, kumpendelea Hogan. Hogan ni Minamoto no Yoshitsune, jemadari aliyempigania kaka yake vitani, kisha kaka huyohuyo akamwinda mpaka akafa 1189. Kaka alitawala nchi, lakini kwenye kabuki na nyimbo watu wanamlilia Yoshitsune. Susukita hakuanzisha huruma hiyo. Alichofanya ni kuitoa kwa jemadari wa kifalme na kumpa kijana asiye na cheo. Hapo ndipo penye ukali wake. Watu waliokuwa ukumbini hawakuwa majemadari. Walikuwa makarani, vibarua wa viwandani, vijana waliotoka vijijini, na mwaka huohuo bunge lilipitisha mambo mawili karibu kwa mkono mmoja: kura kwa wanaume wote waliofika umri, na sheria kali ya kulinda amani ya nchi iliyowezesha kukamatwa kwa mtu kwa ajili ya fikra zake. Ukishajua hilo, zile taa za askari, zile kamba zinazorushwa kutoka kila upande na zile fimbo fupi za chuma ziitwazo jitte hazionekani tena kuwa mapambo ya kale.

Pigano lenyewe nenda ukalitazame tena ukilinganisha na Matsunosuke. Kamera inamfuata mbio. Nywele zimemfumuka, anapepesuka, anahema mdomo wazi, anageuka nyuma kabla hajamaliza na wa mbele. Anapigana kama mtu anayetamani kuacha na hawamruhusu. Mkao wa sanamu haupo. Mwaka uliofuata Matsunosuke alifariki, na umati mkubwa ulijaa mitaani Kyoto kumzika. Nadhani wengi wa waliomzika walikuwa wameshamhama.

Pengine utauliza kama mwisho ule ulikuwa ajali tu. Hapana, maana kilichofuata kilikwenda mbali zaidi. Mwongozaji Ito Daisuke na mwigizaji Okochi Denjiro walitengeneza mwaka 1927 sinema ya sehemu tatu, Chuji Tabi Nikki, juu ya Kunisada Chuji, bosi wa wacheza kamari aliyekuwepo kweli na aliyenyongwa... la, nisikosee, aliyesulubiwa 1851. Katika sehemu ya mwisho Chuji amepooza. Hawezi hata kunyanyua upanga. Amelala, na mwanamke wake na wafuasi wake ndio wanaompigania, wakianguka mmoja mmoja, mpaka askari wanamfikia godoroni. Ukiona Orochi ilikukatisha tamaa, jiulize hiyo. Na bado jarida la Kinema Junpo lilipowauliza wakosoaji mwaka 1959 sinema bora ya Kijapani ya wakati wote, waliitaja hiyo, ingawa wakati huo nakala yake ilikuwa imepotea na walikuwa wanaichagua kwa kumbukumbu tu.

Ito alipenda kamera ikimbie kiasi kwamba wenzake walilichezea jina lake. Itō Daisuke ukiligeuza kidogo linakuwa idō daisuki, napenda sana kusogea. Mwaka 1928 yeye na Okochi walimleta Tange Sazen, jicho moja na mkono mmoja, anayemtumikia bwana wake kwa damu na kugundua kwamba bwana huyo amemtupa. Baadaye akageukia wakulima wanaoasi, katika Zanjin Zanbaken ya 1929, na hapo chanbara ilikuwa imeshaingia siasa za mrengo wa kushoto. Wakosoaji waliziita sinema hizo keikō eiga, sinema za mwelekeo. Wakaguzi wakazikatakata, na mwanzoni mwa miaka ya 1930 zikaisha. Mtoto wa Makino, Masahiro, naye mwaka 1928 akiwa na miaka 20 alitoa Roningai, juu ya samurai wasio na kazi wanaolewa na kuishi kwa migongo ya wanawake wao mpaka aibu inapowazidi.

Usidhani hata hivyo kwamba steringi wa kushinda alikufa. Tangu 1927 Arashi Kanjuro alikuwa akiigiza Kurama Tengu, shujaa mwenye kilemba cheusi anayefika kwa farasi wakati uleule mtoto anapohitaji kuokolewa, na kumbi zilijaa vilevile. Watu walikwenda kwa Kurama Tengu Jumapili moja na kwa Chuji Jumapili nyingine.

Sinema bubu Japani zilidumu kuliko sehemu nyingi, hadi katikati ya miaka ya 1930, na mabenshi ni sehemu ya sababu, kwa kuwa watu hawakuwa na njaa ya sauti. Sinema ya kwanza ya Kijapani ya sauti iliyofanikiwa ilitoka 1931. Mwaka uliofuata mabenshi waligoma wakashindwa. Mmoja wa walioongoza mgomo alikuwa kaka yake Kurosawa Akira, yule aliyekuja kuwa mwongozaji mashuhuri, wakati huo Akira akiwa bado kijana asiyejulikana. Kaka huyo alijiua 1933.

Nyingi ya sinema nilizokutajia huwezi kuzipata, na si kwa sababu ya uvivu wako wa kutafuta. Mkanda wa nitrati unawaka kama petroli. Makino Shozo mwenyewe, alipokuwa anahariri nyumbani sinema yake kubwa ya ronin 47 mwaka 1928, taa ya umeme iliuunguza mkanda, sehemu ikateketea, na yeye akafariki mwaka uliofuata. Tetemeko lilichoma za kabla ya 1923, mabomu ya vita yakachoma nyingine. Nyingine ziliuawa na biashara: sinema ikishazunguka kumbi zote, mkanda ulikatwa vipande vifupi vikauzwa pamoja na projekta za kuchezea za watoto. Kuna sinema za samurai ambazo leo tunazijua kwa kipande cha dakika moja kilichokuwa ndani ya sanduku la mtoto. Ile Chuji nayo ilipatikana Hiroshima 1991, sehemu kubwa ya tatu na kidogo ya pili. Ya kwanza haijaonekana.

Orochi imetufikia ikiwa nzima vya kutosha kwa sababu kulikuwa na mtu aitwaye Matsuda Shunsui, aliyekuwa benshi tangu utotoni, ambaye baada ya vita alizunguka akikusanya mikanda iliyotupwa. Alifariki 1987, na mwanafunzi wake, Sawato Midori, ameendelea na kazi ya kusimulia jukwaani. Ziko nakala za Orochi zenye sauti ya benshi. Tafuta moja, hata kama Kijapani hukijui, kisha rudi kwenye zile dakika za mwisho.

Baada ya hapo tafuta Oatsurae Jirokichi Goshi ya 1931, Ito na Okochi tena, ndiyo pekee ya Ito ya zama za bubu iliyosalia ikiwa karibu kamili. Steringi ni mwizi anayewaibia matajiri, na wanawake wawili wanampenda. Mwisho wake sikuambii.